Keki ya Watani wa Jadi

Mume ni Simba, mke ni Yanga. Hivyo ndivyo dada mmoja wa Tabata alivyoanza kunieleza kwenye simu, Jumatatu asubuhi, kabla hata hajasema anataka keki ya kilo ngapi. Jumamosi ya wiki ile ndoa yao ilikuwa inatimiza miaka 10, na alitaka keki moja yenye timu zote mbili, nusu kwa nusu. "Asije akaonewa mtu, dada, maana sherehe yenyewe itaharibika." Nikamwambia asiwe na wasiwasi, hiyo kazi ndogo. Nilikuwa na miaka minne ya kuoka nyumbani kwangu Tandika: keki za krimu, maua ya kukamua kwa mfuko, majina ya watoto kwa chokoleti. Fondanti nilikuwa nimevisha keki tatu tu maishani mwangu, zote nyeupe. Hilo sikumwambia.

Sikumwambia pia kwamba mimi mwenyewe ni Simba wa kurithi. Baba yangu mpaka leo anaisimulia ile sita bila tuliyowafunga Yanga mwaka 1977 kama vile bao mojawapo alifunga yeye. Niliona ushabiki wangu hauhusiani na kazi.

Usiku ule nikakaa na daftari nikachora. Keki ya duara, upana sentimita 25, kimo sentimita 10. Ubavu mmoja mwekundu na mweupe, wa pili njano na kijani. Juu uwanja wenye nyasi, magoli mawili madogo ya vijiti vya mishikaki, na katikati nusu ya mpira, nayo keki ya kuliwa. Kila ubavu jezi moja ndogo. Mgongoni mwa jezi nilitaka kuandika mwaka ambao kila timu ilianzishwa, 1935 kwa Yanga na 1936 kwa Simba. Nilipomtumia mchoro, dada akakataa katakata. "Ukiweka hiyo miaka, mume wangu atasema nimekutuma umkumbushe kwamba sisi ndio wakubwa. Weka 10 na 10, ya ndoa." Hapo ndipo ningeshtuka. Mtu anayeona ugomvi kwenye tarakimu mbili ambazo bado hazijaandikwa hatakuja kuiangalia keki. Atakuja kuikagua.

Nembo za timu niliziacha. Simba wa fondanti akichongwa na mkono usiozoea hufanana na paka aliyenyeshewa, na mashabiki wa Msimbazi wasingenielewa.

Fondanti, kwa ambaye hajaishika, ni sukari inayokandwa kama unga wa chapati, inasukumwa kama chapati, kisha inalazwa juu ya keki kama shuka na kulainishwa mpaka isionyeshe mkunjo. Ya kununua ipo Kariakoo kwenye maduka ya vifaa vya keki, nyeupe na hata ya rangi, ila niliona bei yake itanimalizia faida. Nikatengeneza mwenyewe: kilo moja ya sukari ya unga iliyochekechwa, kijiko kikubwa kimoja cha jelatini kilicholowekwa kwenye robo kikombe cha maji baridi, nusu kikombe cha glukosi ile nzito kama asali, kijiko kikubwa kimoja cha gliserini ili isikauke na kupasuka, na vijiko viwili vya mafuta magumu ya kupikia. Jelatini ikishavimba unaiyeyusha juu ya mvuke, usiache ichemke, unachanganya na hivyo vingine, unamimina katikati ya sukari na kuanza kukanda. Kipimo hicho nilikirudia mara mbili. Kisha inafungwa kwenye nailoni na kulazwa usiku kucha, maana fondanti iliyotoka kukandwa ina kiburi, inavutika na kurudi.

Hapo kwenye jelatini nina msimamo kama wa dini, na kweli ni wa dini. Jelatini hutoka kwenye ngozi na mifupa ya wanyama, inaweza kuwa ng'ombe, inaweza kuwa nguruwe. Wateja wangu wengi ni Waislamu. Pakiti isiyo na alama ya halali siichukui hata nikipewa nusu bei. Kuna wenzangu wanaotumia njia ya mkato, wanayeyusha mashimalo, zile peremende laini kama pamba, na kukandia sukari ya unga humo humo, na fondanti yao inatoka nzuri tu, lakini wanasahau kwamba mashimalo nazo zina jelatini ndani. Soma pakiti.

Basi, Alhamisi usiku nikaanza rangi. Njano na kijani zilikubali ndani ya dakika kumi. Nakiri kwamba hilo liliniuma kishabiki. Nikageukia nyekundu.

Nilikuwa na ile chupa ndogo ya rangi ya maji ninayotilia kwenye krimu. Nikadondosha matone kumi, nikakanda, nikapata pinki. Nikaongeza, pinki. Nikamimina nusu chupa, nikapata pinki ya bigijii. Kufikia hapo fondanti imeshaanza kunata vidoleni, kwa sababu maji ya rangi yanayeyusha sukari. Ili ikauke nikaongeza sukari ya unga. Sukari ya unga ni nyeupe. Ikarudi pinki ya mwanzo. Nikawa nazunguka hapo hapo: rangi inailowesha, sukari inaikausha na kuipausha, narudi kwenye chupa. Saa tano usiku nilikuwa na bonge lenye ukubwa mara mbili ya nilivyoanza, rangi ya sare za wasimamizi wa harusi, na mikono kama ya mtu aliyechinja.

Nikampigia mama mmoja wa Mbagala ambaye amekuwa kwenye keki tangu mimi niko shule ya msingi.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Saa hizi? Kuna msiba?"

"Hapana mama. Ni nyekundu."

Akacheka mpaka akakohoa. Akaniuliza natumia rangi gani, nikamwambia ya maji. Akaniambia tupa hilo bonge, au liweke utengenezee maua siku nyingine, kesho asubuhi kanunue rangi ya jeli, ile nzito ya kuchota kwa kijiti. "Na nyekundu haitengenezwi siku ya kuitumia, mwanangu. Unaikanda mpaka inabaki kidogo tu ifike, unaifunga, unailaza. Inaivia kwenye nailoni kama ndizi kwenye debe. Nyeusi nayo hivyo hivyo, ila nyeusi unaanza na kakao. Kanda kakao mpaka iwe kahawia, ndiyo utie jeli nyeusi. Itakunywa rangi kidogo na italika." Mwisho akaniuliza kama nimevaa glovu. Nikatazama mikono yangu nikanyamaza.

Ijumaa asubuhi nikapanda daladala mpaka Kariakoo, kondakta akanitazama vidole akaniachia siti nzima peke yangu. Nikanunua jeli. Nikarudi nikakanda, na jeli kweli ina nguvu, ndani ya robo saa nilikuwa na wekundu wa nyanya iliyoanza kuiva. Hapo ndipo ningeiacha ilale. Lakini ilikuwa Ijumaa tayari, keki inaondoka kesho yake mchana, na mimi nikaona bado haijawa Simba. Nikaongeza. Nikaongeza tena. Ikawa nyekundu ya jezi kabisa, nikajisifu. Nilipoigusa kwa ncha ya ulimi ilikuwa na uchungu wa mbali, kama dawa ya maji waliyokuwa wakitupa utotoni. Nikajiambia nani atausikia uchungu kwenye sherehe.

Nimetangulia, maana kabla ya jeli kuwa sawa nilishavuruga kitu kingine. Keki yenyewe niliioka Alhamisi mchana, keki nzito ya siagi, sukari, unga na mayai kwa uzito sawa. Hilo nilikuwa nalijua: keki nyepesi haibebi fondanti, inabonyea. Nikaipaka krimu ya siagi kama ninavyopaka siku zote, ingawa ukweli ni kwamba siagi yangu ni ile ya mimea, ya kopo. Ijumaa saa sita mchana nikaivisha fondanti nyeupe ya msingi. Ulikuwa mwezi wa nne, masika yamekolea, mvua imenyesha asubuhi na jua limetoka, ile hali ya Dar ambayo kanga ulizoanika hazikauki. Sukari inavuta maji kutoka hewani. Nikiwa naiangalia, fondanti ikaanza kung'aa kama imepakwa mafuta, halafu krimu ya ndani ikalainika kwa joto na kushuka. Chini ya keki, pande zote, kukatokea uvimbe. Keki yangu ilikuwa imeota kitambi.

Niliing'oa nguo yote. Nikakwangua krimu mpaka kwenye keki yenyewe. Nikakumbuka ganashi, ambayo nilikuwa nikiiona gharama za bure: chokoleti nyeusi sehemu mbili kwa sehemu moja ya krimu nzito ya maziwa. Nilichukua gramu 600 za chokoleti na gramu 300 za krimu, nikachemsha krimu, nikaimwagia chokoleti iliyokatwakatwa, nikaacha dakika mbili na kukoroga. Chokoleti nyeupe ingetaka sehemu tatu kwa moja, maana ni laini. Ikishapoa inakuwa kama udongo wa mfinyanzi. Unaipaka, unaikwangua kwa rula, ikigandamana unapata ukuta. Kwa joto letu la pwani sijaona kitu kinachoishinda. Sasa hivi sivishi fondanti juu ya krimu ya siagi kuanzia mwezi wa kumi na moja mpaka wa tano, labda mteja awe na kiyoyozi na keki iletwe mezani nikiwa nimesimama hapo hapo.

Friji nayo ni mtego. Nilipoona keki inang'aa, wazo la kwanza lilikuwa kuiingiza kwenye friji, na nikaiingiza. Ndani ilikauka vizuri. Nilipoitoa, hewa ya moto ikakutana na sukari baridi, keki ikatoka jasho la matone kabisa. Mama wa Mbagala baadaye alinifundisha: kama lazima iingie, iingie ndani ya boksi la karatasi lililofungwa, na ikitoka ibaki ndani ya boksi mpaka baridi iishe, jasho litulie kwenye karatasi. Na ikitoka jasho usiiguse wala usiipanguse. Washa feni, ondoka, kaendelee na mambo mengine.

Kuvisha rangi mbili kwenye keki moja, hilo sikuwa nimeliona popote, nikalibuni. Kawaida unasukuma shuka moja ambalo upana wake ni upana wa keki pamoja na kimo chake mara mbili, na nyongeza kidogo ya kukata. Kwa yangu ilikuwa kama sentimita 50. Mimi nilisukuma vipande viwili, unene wa milimita nne, nikavipandisha kimoja juu ya kingine kwenye ukingo, nikaweka rula, nikakata vyote kwa mkato mmoja wa wembe mpya. Ukiondoa mabaki, kingo zinakutana sawasawa. Nikaziunganisha kwa unyevu wa maji, nikanyanyua lote kwa kifimbo cha chapati na kulilaza. Lilikaa! Nilipiga kigelegele peke yangu jikoni. Dakika ishirini baadaye, pale nilipopitisha maji, nyekundu ilianza kuingia kwenye njano, kimstari chembamba cha machungwa kikitambaa kama chungu. Nyekundu ina rangi nyingi isiyoshikwa, ikipata maji inatembea. Gundi yake iwe kidogo mno, ya brashi iliyokaribia kukauka, tena baada ya nyekundu kukauka juu. Doa nililifunika kwa utepe mweupe uliozunguka keki kutoka ubavu hadi ubavu, na kila aliyeiona akadhani ni mstari wa katikati ya uwanja niliouwaza tangu mwanzo. Sikumsahihisha mtu.

Mpira ndio ulionipa raha, na ndio ulioniumbua.

Niliuoka kwenye bakuli la chuma lenye mdomo wa sentimita 16. Yaani niliuanza kwenye oveni, dakika kumi baadaye umeme ukakatika mtaa mzima. Nikawasha mkaa. Mama yangu alitulea kwa maandazi na keki za mkaa: sufuria kubwa yenye mchanga mkavu chini, chombo cha keki juu ya mchanga, mfuniko, moto kidogo chini na mwingi juu ya mfuniko. Siri yote ni kwamba wa juu uzidi wa chini, la sivyo inaungua kitako kabla haijaiva kichwa. Ile nusu ya mpira ilitoka na harufu ya moshi kidogo, na nasema bila haya kwamba ndiyo sehemu iliyokuwa tamu kuliko zote.

Nilitaka mpira ule wa vipande vyeusi na vyeupe, ambao dunia iliuzoea tangu Kombe la Dunia la Mexico mwaka 1970, weusi na weupe ukiwa umechaguliwa uonekane vizuri kwenye televisheni zisizo na rangi. Nikakata pembetano nyeusi na pembesita nyeupe kwa macho, zote zikiwa na upana sawa. Nilipozipanga, kufika safu ya pili hazikutani. Huku pengo, kule zimepandana. Nikafuta nikarudia, hali ile ile. Kijana wa jirani alikuwa nje anacheza, nikamwomba mpira wake nikakaa nao chini na rula. Ndipo nikaona: kinachotakiwa kulingana ni urefu wa upande, siyo upana wa kipande. Pembesita inakuwa kubwa kuliko pembetano, na upande mmoja ulingane na wa mwenzake. Mpira mzima una vipande 32, pembetano 12 na pembesita 20. Nusu yake ni pembetano 6 na pembesita 10: unaanza na pembetano moja utosini, pembesita tano kuizunguka, kisha pembetano tano kwenye mabonde yaliyobaki, na pembesita nyingine tano katikati yake, ukingo wa chini unabaki na meno, unayajaza kwa vipande vya nusu. Na urefu wa upande unaupata kwa kugawa upana wa mpira kwa tano. Sentimita 16 kwa tano ni 3.2. Nikakata violezo viwili kwenye karatasi ngumu ya boksi la viatu, na saa nane usiku nilikuwa na mpira ambao ungeutamani kuupiga teke. Yule kijana aliulizia mpira wake asubuhi, nilikuwa nimelala nao mezani.

Nyasi nilitumia nazi kavu iliyosagwa, ndani ya mfuko wa nailoni na matone ya rangi ya kijani, unatikisa mpaka ienee, unaianika kwenye sinia. Inapendeza kuliko nyasi za krimu na hailii joto. Nikaimwaga juu ya keki, nikasimika magoli, nikaupaka mpira sukari iliyoyeyushwa chini yake, nikauketisha katikati. Ulikuwa umekaa imara. Niliusukuma kwa kidole, haukutikisika, nikaridhika.

Toka Tandika mpaka Tabata kwa bajaji, Jumamosi saa saba mchana, barabara ya Mandela imejaa malori. Boksi nimelipakata. Dereva kijana mstaarabu, nilimwambia taratibu mdogo wangu, akawa anapanda kila tuta kama amebeba mgonjwa. Lakini tuta ni tuta, na jua lilikuwa linapiga upande wangu. Sukari iliyoyeyushwa, ikipata joto, inalainika tena. Huo si ujuzi wa chuo kikuu. Pale ndipo ulitakiwa mrija mnene wa plastiki au kijiti, kipite katikati ya mpira na kuzama mpaka kwenye keki ya chini. Mirija ilikuwemo kwenye mkoba wangu, ndugu zangu. Pakiti nzima, haijafunguliwa.

Nilipofungua boksi ukumbini, kwa maana ya sebuleni kwao, watu kama arobaini wameshasimama kunizunguka na simu zao. Mpira ulikuwa umeteleza. Haukuanguka wala haukupasuka. Ulikuwa umejivuta taratibu sentimita chache kuelekea upande mwekundu, umeliangusha goli la Simba na kulilalia.

Kulikuwa na ukimya wa kama sekunde mbili. Kisha shangazi mmoja, kanga ya kijani begani, akapiga yowe: "Goooli!"

Nyumba ikalipuka. Watu wa Yanga wakashika wenzao mikono, mtu akaanza kuhesabu vidole vitano mbele ya uso wa bwana harusi wa zamani, maana ile tano moja ambayo Yanga walitufunga Novemba 2023 ilikuwa bado haijapoa mitaani. Nikasimama na kisu cha keki mkononi nikitamani sakafu inimeze. Baba mdogo wa mume akaja akaizunguka keki polepole, mikono nyuma, kama mwamuzi anayekagua uwanja.

"Binti, hizi nyasi ni rangi gani?"

"Shikamoo baba. Kijani."

"Marahaba. Na Yanga ni rangi gani?"

"Njano na kijani, baba."

"Kwa hiyo ubavu mmoja wao, juu kote wao, na mpira golini kwetu." Akawageukia watu. "Hii keki imelipiwa na nani?"

Ningemjibu nini? Kwamba nyasi nyekundu hazijapata kuota popote? Dada mwenye sherehe alikuwa amekaa chini kwa kucheka. Nikaona njia pekee ni kusema ukweli, nikamwambia mzee kwamba mimi mwenyewe ni Mnyama, toka kwa baba. Akanitazama kwa muda. "Sasa mwanangu," akasema, kwa huzuni kabisa, "ndiyo umetufanyia nini?"

Nikaurudisha mpira katikati mbele yao, safari hii na mirija mitatu, wakanishangilia kama kipa aliyeokoa penalti.

Halafu ikaliwa. Kwa heshima mume alikatiwa kipande cha upande wake, chekundu, kikubwa. Akauma. Nikamwona anatafuna, anapunguza mwendo, anatazama pembeni. Ulimi wake ulikuwa umegeuka rangi ya damu. Mkewe akamuuliza vipi baba fulani, akasema safi, safi sana. Baada ya muda nikamwona kwa jicho la pembeni akiibandua ile fondanti nyekundu kidogo kidogo na kuiweka chini ya kitambaa cha karatasi. Alipodhani hakuna anayemwangalia, akasogeza sahani upande wa pili na kujikatia kipande cha njano. Shangazi wa kanga ya kijani alimwona. Sihitaji kueleza yaliyofuata. Inatosha kusema hata uchungu wa rangi yangu ulipelekwa kwenye msimamo wa ligi.

Nyekundu sasa naitengeneza siku tatu kabla, au nainunua ikiwa imeshatiwa rangi kiwandani na bei yake namwambia mteja waziwazi. Kwa keki ile nilitoza 120,000. Nilipopiga hesabu Jumapili, sukari ya mara ya pili, chokoleti, jeli, bajaji kwenda na kurudi, nilibakiwa na 31,000 kwa siku tatu na usiku mbili. Mfumaji wa mikeka analipwa zaidi yangu. Keki yenye rangi mbili za timu leo naitoza kwa kazi, siyo kwa kilo, na anayeona ghali namwelekeza kwenye keki ya krimu yenye picha ya karatasi ya kuliwa, ambayo nayo inapendeza na haina vita.

Miezi mitano baadaye yule dada alinipigia tena. Mtoto wao wa kwanza anatimiza miaka saba, anataka keki ya mpira. Nikavuta pumzi, nikaanza kuhesabu siku zilizobaki, nikamuuliza kwa upole: "Mtoto amemfuata nani, mama au baba?"

Kukawa kimya kidogo upande wa pili. "Yaani dada, hata hatujui amekosea wapi huyu mtoto. Anasema yeye ni Azam."

Bluu na nyeupe. Nilikaa kitako kwenye kigoda nikamshukuru Mungu.